Piramidi Bila Wajenzi: Uhakiki wa Masimulizi ya Mwongoza Watalii

Wasomaji wa jarida hili wamezoea kukuta humu uhakiki wa riwaya, tamthilia na mashairi. Safari hii tunaomba ruhusa ya kuhakiki kazi ambayo haikuchapishwa popote wala haina mtunzi mmoja anayejulikana, nayo ni masimulizi anayoyatoa mwongoza watalii mbele ya piramidi za Misri, kwa abiria waliolipa nauli ndogo kabisa. Tunaiita kazi ya fasihi simulizi kwa sababu ina msimulizi, ina hadhira, ina mwanzo na mwisho wake maalumu, na husemwa kila siku kwa mpango uleule. Iwapo twakubali kuzihakiki hekaya za wazee wetu, hatuoni sababu ya kuiacha hii, hasa kwa kuwa yale yasemwayo pale ndiyo yanayosemwa pia madarasani mwetu.

Tulikuwa tumefika Kairo kutoka Burundi kwa ajili ya semina ya walimu, tukabakiwa na siku mbili za mapumziko na fedha chache. Siku ya kwanza tulijaribu kwenda wenyewe. Utingo wa basi dogo alitoa kichwa mlangoni akipiga kelele, "Haram! Haram!" nasi tukarudi nyuma, tukidhani tunakatazwa kupanda. Kumbe alikuwa akitaja mwisho wa safari yake, yaani barabara ya piramidi. Katika Kiarabu, haram yenye maana ya piramidi husemwa kwa h nyepesi, na lile neno lililotupa sisi "haramu" husemwa kwa h nzito ya kooni. Kiswahili hakikuihifadhi tofauti hiyo, na mwalimu wa Kiswahili akaachwa kando ya barabara. Tuongeze kwamba mahali penyewe panaitwa Giza, jina ambalo Mswahili halisikii bila kutabasamu.

Siku ya pili tulinunua safari ya pamoja kwa dola 20. Kwa fedha hizo tulipata kiti katika basi dogo lenye abiria tisa, chakula cha mchana, na mwongoza watalii; tiketi za kuingilia kila mtu alijilipia. Tulianzia Saqqara, tukapitishwa katika duka la mafunjo, tukaenda Giza, na jioni tukamalizia katika duka la manukato. Tulikuwa na saa mkononi. Saqqara tulipewa dakika 40, Giza dakika 70, na yale maduka mawili yakachukua saa mbili na robo. Tunaomba msomaji azishike hesabu hizo, maana zina uzito katika hukumu yetu.

Ama kuhusu fani, hatuna budi kumpa kijana yule haki yake. Alikuwa na sauti ya kutosha, alijua pa kunyamaza na pa kuuliza, na matani yake hayakumwumiza mtu. Alipofahamu kazi yetu alianza kutuita "ya ustaz", neno lile lile ambalo kwetu ni ustadhi, na tangu hapo kila alipokwama kwenye tarehe alitutazama sisi kana kwamba tungemwokoa. Kule Saqqara alifanya jambo ambalo mwalimu yeyote angelionea wivu. Alieleza kwamba piramidi ya ngazi ya Mfalme Djoser, iliyobuniwa na Imhotep takribani mwaka 2650 KK, ilianza kuwa kaburi bapa, kisha ikaongezwa daraja juu ya daraja hadi zikatimia sita, zenye kimo cha mita 60 hivi. Akayasema hayo huku akitwaa viganja vya abiria na kuviweka kimoja juu ya kingine, mpaka viganja sita vikawa vimepandana. Hakuna aliyehitaji kitabu baada ya hapo.

Dakika zilikwisha. Hatua chache kutoka pale iko piramidi ya Mfalme Unas, ndogo na iliyobomoka, ambayo kuta zake za ndani zimechongwa maandishi ya dua na maombi ya mwaka 2350 KK hivi, nayo ndiyo maandishi ya kale kuliko yote ya aina hiyo yaliyopatikana ndani ya piramidi. Haikutajwa. Kwa mwalimu wa lugha hiyo ni sawa na kupitishwa mbele ya maktaba huku mlango ukiwa upande wa pili wa basi.

Masimulizi yaliporomoka tulipofika Giza. Msimulizi alipanga takwimu moja baada ya nyingine mbele ya piramidi ya Khufu: mawe milioni 2 na laki 3, miaka 20 ya kazi, kimo cha mita 146 ilipokamilika ambacho leo ni mita 138 hivi, na urefu wa mita 230 kwa kila upande wa chini. Takwimu hizo zinakubaliana na makadirio ya wataalamu. Hata hivyo, hesabu isiyogawanywa ni kama vina visivyo na mizani. Ukiyagawa mawe hayo kwa siku za miaka 20 utapata mawe zaidi ya 300 kila siku, yaani, kwa siku ya kazi ya saa kumi, jiwe moja kila dakika mbili. Nani alilivuta? Alikula nini? Alilala wapi, na akiumia alitibiwa na nani? Maswali hayo yalipata sentensi moja tu: kwamba watumwa laki moja waliyajenga haya chini ya mjeledi wa Firauni. Kisha tukaonyeshwa mahali pazuri pa kupiga picha na ngamia.

Sentensi hiyo ina ukoo mrefu. Hesabu ya watu laki moja ilitoka kwa Herodotus, Mgiriki aliyezuru Misri katika karne ya 5 KK, wakati piramidi ya Khufu ilikuwa na umri wa miaka elfu mbili tayari. Herodotus naye alikuwa mtalii mwenye mkalimani. Anasimulia kwamba mkalimani huyo alimsomea maandishi ukutani yaliyotaja kiasi cha fedha kilichotumika kuwanunulia wafanyakazi figili, vitunguu na vitunguu saumu, jumla talanta 1,600. Tunashuku sana kwamba mkalimani yule hakuweza kuyasoma maandishi ya kale, akajaza pengo kwa akili yake. Lakini angalau alijaza kwa chakula cha wafanyakazi! Herodotus mwenyewe aliandika kwamba Khufu aliwalazimisha Wamisri wote wamfanyie kazi kwa zamu za miezi mitatu. Neno "mtumwa" limeshikamana na habari hiyo baadaye.

Wengine watasema kwamba limetoka katika Biblia. Kitabu cha Kutoka kinawataja Waisraeli wakijenga miji ya ghala, Pithomu na Ramesesi, kwa matofali. Piramidi hazimo, nazo zilikuwa za kale tayari katika nyakati zinazosimuliwa humo. Sisi wa lugha hii tuna mzigo wetu wa ziada. Kwa Kiswahili, firauni ni tusi. Mtoto mkaidi ni firauni, bwana mkubwa asiye na huruma ni firauni. Tukisikia "watumwa wa Firauni" masikio yetu yameshatoa hukumu kabla ushahidi haujaletwa.

Ya pua ya Abul-Hol, lile sanamu la simba mwenye kichwa cha mtu, tutayapita haraka. Tuliambiwa kwamba ilivunjwa kwa mizinga ya Napoleon. Napoleon alifika Misri mwaka 1798; Mdenmark Frederic Norden alilichora sanamu hilo bila pua mwaka 1737.

Sasa turudi kwenye duka la mafunjo, maana humo ndimo tulimopata ufunguo wa uhakiki huu. Muuzaji alichukua bua bichi, akalimenya, akalichana vipande vyembamba, akaviloweka, akavigonga kwa nyundo ya mti, akavipanga vikikatana, akavitia katika shinikizo. Kila kitendo alikitaja kwa kitenzi chake, na kila kifaa kwa jina lake. Tulimsikiliza kwa furaha, hasa kwa kuwa mmea huo si mgeni kwetu. Watu wa Burundi na Rwanda wanauona mabondeni na kuuita urufunzo, neno ambalo ni ndugu wa mafunjo yetu. Basi ndani ya duka tulisikia masimulizi kamili ya kazi ya mikono, na mbele ya piramidi hatukusikia hata kitenzi kimoja cha kazi isipokuwa "kujenga". Sababu iko wazi. Karatasi ilikuwa inauzwa.

Na hapa pana lawama yetu kubwa zaidi. Tulikaa saa nzima tukizungukwa na karatasi za mafunjo, wala hapana aliyetuambia kwamba karatasi za mafunjo zenye maandishi zilizo za kale kuliko zote tunazozijua zimeandikwa na watu walioijenga piramidi ya Khufu. Zilipatikana mwaka 2013 huko Wadi al-Jarf, pwani ya Bahari ya Shamu, na kikundi cha wachimbuaji kilichoongozwa na Mfaransa Pierre Tallet. Miongoni mwake imo shajara ya kazi ya msimamizi aitwaye Merer, aliyekuwa na kikosi cha watu 40 hivi. Siku kwa siku yanaandikwa mambo ya kawaida kabisa: leo tumepakia mawe ya chokaa machimboni Tura, leo tumelala njiani, leo tumefika kwenye piramidi. Baadhi ya kurasa hizo zilianza kuonyeshwa katika jumba la makumbusho mjini Kairo mwaka 2016. Mjenzi mwenyewe amesema, kwa wino wake, na msimulizi wetu anaendelea kumnyamazisha kwa mjeledi wa kubuni.

Wala si Merer peke yake. Mwaka 1990 farasi alijikwaa kwenye ukuta wa matofali ya udongo kusini mwa Abul-Hol, na hapo yakafunuliwa makaburi ya wafanyakazi, yaliyochimbuliwa na Zahi Hawass. Mmarekani Mark Lehner naye amechimbua karibu na hapo mji walimoishi, wenye matanuri ya mikate na mifupa mingi ya ng'ombe, mbuzi na samaki. Wataalamu wengi wa leo wanakadiria watu 20,000 hivi kwa wakati mmoja, au zaidi kidogo. Hatusemi kwamba maisha yao yalikuwa ya raha. Migongo na magoti ya mifupa ile yamelika kwa mizigo. Lakini pia kuna mikono iliyovunjika na kuungwa vizuri, na kuzikwa chini ya kivuli cha piramidi ya mfalme si heshima aliyopewa mtumwa wa kutupwa. Wengi wao waliitwa kwa zamu kutoka vijijini, na kwa hali hiyo lugha yetu ina neno lake, nalo ni shokoa. Kiswahili kinatofautisha mtumwa, mtu wa shokoa, kibarua na fundi. Msimulizi aliyaweka yote manne katika gunia moja, na kwa kuwa alisema Kiingereza tunamsamehe. Mfasiri wa Kiswahili hatutamsamehe.

Je, kijana yule alikuwa hajui? Hili ndilo lililotukera. Wakati wa kurudi, basi likiwa limekwama katika foleni, tulimwuliza kuhusu makaburi ya wafanyakazi. Uso wake ulibadilika. Alituambia habari za farasi, akatuambia habari za Merer, akataja hata majina ya vikosi yaliyoandikwa kwa rangi juu ya mawe, na kwa robo saa alisimulia vizuri kuliko alivyosimulia kutwa. Tulipomwuliza kwa nini hakuyasema kule, alijibu kwamba kule hakuna duka, na posho yake inatoka dukani. Kwa hiyo hatuwezi kuihukumu kazi hii kwa kumlaumu msimulizi wake. Dola 20 hazitoshi kulipia mafuta, chakula na elimu yake. Kinachopungua hulipwa na wauza manukato, nao wananunua dakika. Msimulizi mwenyewe yumo katika kundi la wavuja jasho ambao masimulizi yake yanawasahau.

Tusingeandika haya kama na sisi tusingekuwa na deni. Kwa miaka mingi tumewapa wanafunzi zoezi la ufahamu tulilolitunga wenyewe juu ya Misri ya kale. Swali la nne liliuliza, "Nani walijenga piramidi?" Jibu "watumwa" lilipata alama mbili. Tunakumbuka mwanafunzi mmoja aliyeandika "mafundi", nasi tukamkata zote mbili kwa kalamu nyekundu. Wanafunzi wetu wengi wameona piramidi moja tu, ile ndogo iliyojengwa mwaka 1938 huko Rutovu, kusini mwa Burundi, kuonyesha chanzo cha mbali cha mto Naili. Tumewapeleka pale mara kadhaa, na kila mara tumewatajia jina la Mjerumani Burkhart Waldecker. Jina la aliyebeba mawe kulipandisha kilima hatujawahi kulitaja wala kuliulizia.

Zoezi tumeliandika upya. Katika ufahamu mpya tumetia majina mawili ya vikosi tuliyoyasikia ndani ya basi, nayo yanajulikana pia kwa wataalamu: Marafiki wa Khufu, na kile cha piramidi ya tatu, Walevi wa Menkaure. Darasa lilicheka sana kwa jina la pili, na mwanafunzi mmoja akatuuliza kama walevi hao walikuwa wamelewa pombe au wamelewa mapenzi ya mfalme wao. Hatukuwa na jibu. Tunahisi kwamba ni utani wa kazini, wa aina ile wanayopeana wapakuzi wa mizigo bandarini Bujumbura, na kwamba "walevi" ni neno kavu mno kuubeba. Msomaji mwenye tafsiri bora na atuandikie kwa anwani ya jarida.