Msitu Unaoota: Ngeli, Ndoto na Nafsi ya Miti katika Bunilizi

Bunilizi inayosawiri msitu wenye uhai na utambuzi ndani ya ulimwengu wa ndoto humkabili mwandishi wa Kiswahili kwa swali la kisarufi kabla ya swali la kifalsafa. Msitu ukishapewa akili, je, utaendelea kupatanishwa kwa kiambishi u-, au utahamia a- kama wahusika wa ngano? Makala haya yanadai kwamba uhamisho huo aghalabu huidhoofisha bunilizi ya aina hii, na kwamba upatanisho wa u- una uwezo mkubwa zaidi wa kuibeba. Msitu wa Olmotonyi, kwenye miteremko ya Mlima Meru mkoani Arusha, unatumiwa hapa kama kipimo cha dai hilo.

Tashihisi ya ngano inajulikana. Mti ukipewa kinywa huwa mzee mwenye busara: anaonya, analia, anasamehe. Msomaji humhurumia kwa sababu anafanana naye. Tatizo ni kwamba huruma hiyo imenunuliwa kwa bei ya ugeni wa msitu wenyewe; kilichobaki ni binadamu mwenye matawi. Ilhali ngeli ya U-I si makazi ya vitu vikavu peke yake. Ndimo ulimo moyo, ndimo ulimo mwili, ndimo ulimo mzimu. Moyo hukataa, mwili husisimka, mzimu hukasirika, wala msemaji halazimiki kuvigeuza kuwa watu ili aeleweke. Kwa hiyo sentensi “msitu umekataa” haihitaji kiungo chochote cha kigeni. Inaupa msitu utashi bila kuupa uso.

Hoja hiyo inaimarishwa na kitenzi kuota. Mche umeota, mtu ameota. Haidaiwi hapa kwamba maana hizo mbili zina asili moja. Kinachodaiwa ni kwamba msanii anazikuta zikiwa na umbo moja, na kwamba “msitu umeota” ni sentensi inayoweza kuchipua na kuona njozi kwa wakati mmoja. Zaidi ya hayo, maana zote mbili zinakutana katika jambo moja: kuota ni kutokea kwa kitu ambacho hakikupandwa kwa makusudi. Mtu hachagui ndoto yake, na mmea uliojiotea haukuagizwa na yeyote.

Riwaya fupi ya Ursula K. Le Guin, The Word for World Is Forest, iliyotoka kwanza mwaka 1972, inafaa kulinganishwa. Katika sayari ya Athshe, neno la msitu ndilo neno la ulimwengu. Wenyeji huota wakiwa macho, na huuchukulia wakati wa ndoto kuwa halisi sawa na wakati wa kuamka. Wakoloni kutoka duniani, ambako mbao zimekwisha, huona magogo tu. Msitu wa Le Guin hausemi. Utambuzi wake hudhihirika kupitia waotaji wake, hata pale Selver anapoleta kutoka ndotoni jambo ambalo jamii yake haikulijua: kuua watu. Hapo ndipo penye nguvu ya kazi hiyo. Ndoto si bustani ya faraja. Huweza kuotesha mwiba.

Katika riwaya ya Kiswahili, ulimwengu wa kubuni una historia ndefu, lakini si lazima uwe msitu. Kusadikika ya Shaaban Robert (1951) imewekwa angani, na mgogoro wake unaamuliwa barazani kwa hoja. Nagona (1990) na Mzingile (1991) za Euphrase Kezilahabi zinalegeza mipaka ya wakati, mahali na nafsi, kiasi kwamba msomaji hutembea kama aliye ndotoni. Kezilahabi ameonyesha kwamba nathari ya Kiswahili inaweza kustahimili mantiki ya ndoto. Hatua inayobaki ni kumwondoa mtu katikati ya ndoto hiyo.

Simulizi za wasemaji wa Kimaa zinaielekeza hatua hiyo. Jina la msitu wa Naimina Enkiyio, huko Loita nchini Kenya, lina maana ya msitu wa mtoto aliyepotea. Inasimuliwa kwamba msichana aliyewafuata ndama aliingia humo asionekane tena. Katika simulizi hiyo msitu hautoi neno. Unabaki na mtoto. Kimya hicho kinatisha kuliko hotuba yoyote ya mti.

Waarusha nao ni wasemaji wa Kimaa, na Olmotonyi ni jina la lugha hiyohiyo. Hata hivyo, Olmotonyi ni kipimo kigumu zaidi. Hapa kuna chuo cha misitu kilichoanzishwa mwaka 1937, na msitu wa mafunzo wa Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo. Miti mingi katika mashamba ya miti ya eneo hili ni misindano na misaipresi, yenye asili ya Meksiko na Amerika ya Kati. Ilianzia kitaluni, ikapandwa kwa mistari, ikapogolewa, ikapunguzwa, na siku yake ya kuvunwa imo katika mpango. Je, msitu wa namna hii unaweza kuwa na nafsi?

Bunilizi inayotoa utambuzi kwa misitu ya kale pekee hujibu hapana, na kwa jibu hilo humwachia mwenye msumeno sehemu kubwa ya miti ambayo msomaji wa leo anaifahamu. Upatanisho wa u- unatoa jibu jingine. Chini ya miti iliyopandwa, pale mwanga unapopenya, huchipua mimea ya asili ambayo haimo katika mpango. Msimamizi wa shamba anaweza kuiita magugu. Mwandishi anaweza kuiita ndoto ya msitu, na katika Kiswahili hatakuwa ametumia sitiari ya mbali: mimea hiyo imeota.

Pingamizi lipo. Msitu usiosema unaweza kumwacha msomaji bila mhusika wa kumfuata, na mchezo wa maana mbili ukirudiwarudiwa huwa kitendawili kilichoteguliwa. Pingamizi hilo linahusu kipimo cha matumizi, haliiondoi hoja. Mwandishi anayetaka msitu hai aanze kwa kuuachia ngeli yake, kisha asimulie kilichoota humo bila kupandwa, na nani aliyepewa kazi ya kukifyeka.