Jasho la Nani? Hukumu ya Ardhi ya Mwaka 1994 Yatazamwa Upya

Hukumu iliyotolewa na Mahakama ya Rufani ya Tanzania mwezi Desemba 1994, katika shauri la Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay na mwanawe, imesifiwa sana, nasi hatuna nia ya kuipunguzia sifa hiyo. Hata hivyo, tukiisoma tena kwa makini, twaona kwamba kuna mtu ambaye sauti yake haisikiki ndani yake.

Kisa chenyewe ni hiki. Baba na mwana, wakazi wa Mbulumbulu katika Wilaya ya Mbulu ya wakati huo, walinyang'anywa ardhi ya kimila wakati wa Operesheni Vijiji. Mwaka 1987 walifungua madai mahakamani, wakashinda, na wakarudishiwa ardhi yao huku rufaa ikisubiri. Ndipo Bunge likatunga Sheria Na. 22 ya 1992, iliyofuta haki za kimila katika vijiji vilivyoanzishwa, ikazuia fidia, na kuzifungia mahakama mlango. Mahakama Kuu ya Arusha iliibatilisha sheria yote. Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, iliacha sehemu yake isimame, lakini ilitamka kwamba haki ya kimila ni mali inayolindwa na ibara ya 24 ya Katiba, na kwamba mahakama haziwezi kupokwa kazi yake.

Kwetu sisi wanafunzi wa theolojia, sehemu yenye uzito zaidi ni pale majaji walipoitegemea hoja ya Mwalimu Nyerere ya mwaka 1958: ardhi ni zawadi ya Mungu, na anachoweza mtu kukiita chake ni jasho alilolimwaga juu yake. Kwa hiyo fidia haiishii kwenye nyumba na mazao. Hata aliyefyeka pori tu anastahili kulindwa. Si mara nyingi mahakama husema juu ya uumbaji kwa uwazi kiasi hicho.

Lakini hoja hiyo ina makali pande mbili. Mwanakijiji aliyehamishwa kwa amri, akaonyeshwa shamba na viongozi, akalilima miaka kumi na zaidi, yeye hakumwaga jasho? Hakuichagua ardhi ile. Mara nyingi alikuwa ameacha yake kwingine, nayo akapewa mwenziwe. Katika shauri la Katiba waliosimama ni wawili tu, Serikali na mwenye ardhi wa zamani. Yule ambaye jembe lake ndilo lingetolewa shambani hakuwa upande wowote.

Wahubiri wetu nao wana sehemu katika kosa hili. Tumezoea kumfanya mwenye ardhi wa zamani kuwa Nabothi, na kisha bila kufikiri tunamvika mwanakijiji joho la Ahabu. Ahabu alikuwa mfalme, naye alilitamani shamba. Mwanakijiji hakuwa mfalme, na wengi wao hawakutamani kuhama.

Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Na. 5 ya 1999, ilijaribu kuliziba pengo hilo. Kifungu cha 15 kilithibitisha kuwa halali ugawaji uliofanywa kati ya Januari 1970 na Desemba 1977, hata uliofanywa kinyume cha sheria. Anayetishiwa kuondolewa leo kwenye ardhi ya namna hiyo ana pa kusimamia mbele ya hakimu, na hilo si jambo dogo. Lakini tazama msingi wake: analindwa kwa sababu Serikali ilimgawia, si kwa sababu alilima. Kwa hoja hiyo hiyo, Serikali iliyogawa yaweza kusema imegawa upya. Majaji wa 1994 walikuwa wameshika mkononi hoja iliyo imara kuliko hiyo, wakaitumia kwa mmoja tu kati ya wakulima wawili waliolilima shamba lile lile.