"Namba 15" Haitoshi

Katika maduka ya Musoma na Bunda, mteja aombaye "tairi namba 15" hudhaniwa amejieleza vya kutosha. Sivyo. Istilahi hiyo yataja kipenyo cha ringi tu, kwa inchi. Matairi 195/65 R15 na 195/50 R15 yote ni "namba 15", tena yote yana upana wa milimita 195. Lakini kimo cha ubavu wa la kwanza ni asilimia 65 ya upana huo, la pili 50. Atakayeacha la kwanza akafunga la pili, gari lake litashuka karibu milimita 29, liparuze mawe katika njia za vumbi za Butiama, na kipimamwendo kitaonyesha mwendo uliozidi ule halisi. Yafaa basi "upana", "kimo cha ubavu" na "kipenyo cha ringi" visanifiwe pamoja. Ufupi usiotenganisha vitu si usanifu.