Aliyeshika Panga Mbele ya Stephens

Kuna aina moja ya maandishi ambayo wahakiki huwa hawaigusi kwa sababu yenyewe haijiiti fasihi. Ni maelezo ya safari ya siku moja. Chukua yale ya magofu ya Wamaya. Gari la kibinafsi linakuchukua hotelini Cancún au Mérida alfajiri. Mwongozaji ni wako peke yako, hamchangii na mtu. Mnafika Chichén Itzá kabla ya mabasi ya wengine, mnaogelea kwenye cenote, yaani lile shimo la maji baridi lililotoboka kwenye mwamba, mnakula, na kabla ya giza umerudishwa kitandani. Soma matangazo kumi ya namna hiyo na utaona ploti ni moja: msitu, siri, watu waliotoweka, halafu wewe mgeni, uliyefika wakati unaofaa.

Hiyo ploti naijua vizuri kwa sababu nalipwa kuiandika. Mexico sijafika. Wateja wa kazi za mtandaoni hawaulizi umefika wapi, wanauliza maneno mangapi na utamaliza lini. Mmoja alitaka neno "siri" liwe kwenye aya ya kwanza na "waliopotea" kwenye aya ya pili. Ukishaandika hivyo mara tano sita, unaanza kujiuliza: kwani hii stori ilianzia wapi? Niliacha chuo kabla ya kumaliza, kwa hivyo elimu yangu ya mambo haya ni ya usiku, ya bando na vitabu vya bure ambavyo hakimiliki yake imeisha. Kimoja kati ya hivyo ndicho ninachotaka kukihakiki hapa, kwa sababu matangazo yote yale ni wajukuu wake.

Ni *Incidents of Travel in Central America, Chiapas and Yucatan*, kilichotoka mwaka 1841 kwa juzuu mbili. Mwandishi ni John Lloyd Stephens, wakili wa New York. Mwaka 1839 alitumwa Amerika ya Kati kama mjumbe wa serikali ya Marekani, akaenda na rafiki yake Mwingereza, Frederick Catherwood, mchoraji na msanifu majengo. Kazi ya ubalozi haikumshika sana. Kilichomshika ni Copán, mji wa mawe ulioko Honduras ya leo.

Niseme mapema: ni kitabu kizuri. Stephens anajua kucheka, na mara nyingi anajicheka mwenyewe. Kuna pale anapotaka kununua Copán yote, mahekalu na sanamu na msitu wake. Ili aonekane mtu wa maana mbele ya mwenye shamba, anavaa koti lake la kibalozi lenye vifungo vingi vikubwa vya nembo ya tai, juu ya shati la mirabamiraba na suruali iliyojaa matope. Bei inakuwa dola 50. Muuzaji, kwa maelezo ya Stephens mwenyewe, anamwona ni mjinga tu. Mpango wa mnunuzi ulikuwa kuyateremsha yale mawe mtoni na kuyasafirisha hadi New York. Unacheka kwanza, halafu unatulia na kuuliza: huu ni utani wa nani, na nani amelipa?

Sehemu ninayoipenda zaidi haina utani. Catherwood amesimama matopeni, amevaa glavu kwa sababu ya mbu, anachora na kushindwa. Huyu ni mtu aliyekwisha kuchora magofu ya Misri, mkono wake haukuwa wa kubahatisha. Lakini zile sanamu hazikufanana na chochote alichojifunza, na michoro ya kwanza ilikataa. Ilibidi jicho lake lianze upya. Ndiyo maana michoro yake bado inaheshimiwa na wanaakiolojia hadi leo. Kwangu hilo ni somo la uhakiki: ukikutana na kazi iliyotengenezwa kwa sheria usizozijua, kosa si la kazi. Tulia hapo matopeni hadi uione.

Na Stephens naye aliona jambo kubwa. Wakati huo watu wa Ulaya na Marekani walikuwa wakisema miji ile ilijengwa na Wamisri, au Wafoinike, au makabila yaliyopotea ya Israeli. Mtu yeyote, alimradi si mababu wa watu wanaolima pale pale. Stephens aliyapima majengo, akayalinganisha, akakata kauli kwamba waliyajenga watu wa nchi hiyo hiyo. Sisi tunajua uzito wa kauli kama hiyo. Great Zimbabwe nayo iligawiwa Wafoinike hadi watu wakachoka. Na hapa kwetu, James Kirkman, aliyeanza kuchimba Gede mwaka 1948, alichapisha kitabu mwaka 1954 ambacho kwenye kichwa chake kinauita Gede mji wa Waarabu. Leo unatambuliwa kuwa mji wa Waswahili, na mwaka 2024 UNESCO iliuweka kwenye orodha ya urithi wa dunia. Stephens, zaidi ya karne moja kabla ya Kirkman, hakujikwaa kwenye jiwe hilo.

Amejikwaa penginepo.

Anaandika kwamba pale Copán ardhi ilikuwa mpya kabisa, hakukuwa na vitabu vya kuongoza wageni wala waongozaji. Sasa rudi nyuma kurasa chache. Kuna mwanakijiji anatangulia na panga, anafyeka njia, na hiyo njia ndiyo inayomfikisha Stephens kwenye nguzo ya jiwe ya futi karibu 14 iliyochongwa kila upande. Huyo ni nani kama si mwongozaji? Alijua nguzo iko wapi. Alijua pa kufyeka. Lakini sentensi ya "hakukuwa na waongozaji" inamfuta akiwa bado ameshika panga, jasho halijakauka.

Kuna na lile swali. Stephens anawauliza watu wa pale nani alijenga vitu hivi, na jibu ni lile lile: nani ajuaye. Yeye analichukua kama giza la akili, na kutoka hapo hewa yote ya siri inaingia kitabuni. Mimi nalisoma tofauti. Nchi ilikuwa vitani. Stephens mwenyewe alikuwa ametoka kukamatwa na askari katika mji wa Camotán siku chache kabla. Anakuja mgeni mwenye silaha na makaratasi ya serikali, anauliza habari za shamba na mawe, tena ametaka kununua. Hebu fikiria chifu ameleta mtu usiyemjua bomani kwako, anauliza kiwanja hiki kilikuwa cha nani zamani. "Sijui" ni jibu la mtu mwenye akili timamu. Huenda kweli hawakujua. Lakini mwandishi makini angeacha mlango huo wazi, na Stephens, ambaye ni makini kwa mawe, si makini hivyo kwa watu.

Hata kama hawakujua, kutojua huko kuna tarehe. Julai 1562, katika mji wa Maní huko Yucatán, padri Diego de Landa alichoma vitabu vya Wamaya kwa kudai ni vya shetani. Vilivyobaki duniani leo ni vinne tu. Cha ajabu, Landa huyo huyo aliandika baadaye maelezo ya maisha ya Wamaya, na humo akaweka orodha ya alama za maandishi yao, ameielewa nusu nusu. Orodha hiyo ndiyo iliyomsaidia Yuri Knorozov wa Urusi, mwaka 1952, kuonyesha kwamba alama nyingi ni za sauti. Mwaka 1960 Tatiana Proskouriakoff akaonyesha kwamba mawe ya Piedras Negras yanasimulia kuzaliwa na kutawala kwa wafalme halisi. Stephens alikuwa ameshakisia kwamba historia ya Copán imeandikwa juu ya mawe yake. Alipata. Ngazi moja ya Copán ina alama zaidi ya 2,000, maandishi marefu kuliko yote ya Wamaya tunayoyajua. Altare ya mwaka 776 inaonyesha wafalme 16 kwa mpangilio. Tunajua hata kwamba mwaka 738 mfalme wao wa 13 alitekwa na kukatwa kichwa na mtawala wa Quiriguá, mji mdogo wa jirani.

Kwa hivyo neno "siri" lilipitwa na wakati zamani. Lakini nenda kwenye tangazo lolote utalikuta limekaa kitako, pamoja na "waliotoweka". Filamu ya *Apocalypto* ya mwaka 2006 ilifanya yale yale kwa pesa nyingi: waigizaji wanaongea Kimaya, sawa, lakini ustaarabu wote ni vichwa vinavyoporomoka ngazini hadi Wahispania watokee baharini. Hakuna hata mtu mmoja anayeandika.

Sasa rudi kwenye lile gari la alfajiri. Watu zaidi ya 700,000 nchini Mexico wanaongea Kimaya cha Yucatán, na baadhi yao ndio wanaowatembeza wageni. Mwongozaji wa namna hiyo analipwa kuwatangazia wageni kutoweka kwake mwenyewe. Anasimama mbele ya piramidi ya Chichén Itzá, anapiga makofi, mwangwi unarudi ukilia kama ndege quetzal, wageni wanashangilia. Quetzal ni ndege wa misitu ya milimani, Chiapas na Guatemala huko, si wa tambarare ya Yucatán, na kama wajenzi waliukusudia ule mlio watafiti hawajakubaliana. Lakini "hatujakubaliana" haimpatii mtu bakshishi. Simlaumu. Mimi na yeye tunafanya kazi moja, tofauti ni kwamba yeye yuko juani.

Kinachokosekana kwenye maelezo hayo, kwanza kabisa, ni risiti. Stephens na dola 50 ni mwanzo tu. Mbao zilizochongwa ambazo yeye na Catherwood walizing'oa Yucatán na kuzipeleka New York ziliteketea kwa moto mwaka 1842. Mwaka 1894 Mmarekani Edward Thompson alinunua shamba lenye Chichén Itzá ndani yake, akaikokoa cenote takatifu na kutuma vitu vingi kwenye jumba la makumbusho la Peabody, Harvard. Ardhi yenyewe iliendelea kuwa ya mtu binafsi hadi mwaka 2010, serikali ya jimbo la Yucatán ilipoinunua. Ndani ya lango, Wamaya wenyewe wamepanga meza wakiuza vinyago na filimbi za jagwa. Hiyo ndiyo hadithi, na haihitaji ukungu wa alfajiri.

Sisemi safari ya kibinafsi ni mbaya. Kwa umbo lake ina nafasi ambayo basi la watu 50 haina: masaa kumi, watu wawili, hakuna wa kuharakishwa. Mgeni angeweza kuuliza nyanya yake mwongozaji aliita mti ule nani, shamba la mahindi la familia liko wapi, na kama mtoto wake anafundishwa Kimaya shuleni. Maswali hayo hayamo kwenye maelezo kwa sababu sisi tunaoyaandika hatujayaweka.

Kwa hivyo kisome kitabu cha Stephens. Kinastahili, na michoro ya Catherwood peke yake inatosha kukulaza saa nane usiku. Lakini kila anapoandika kwamba alifika, tafuta nani alitangulia kufyeka. Ukimaliza, watafute Wamaya walioandika wenyewe: Humberto Ak'abal wa Guatemala, aliyeandika mashairi kwa Kik'iche' hadi alipofariki mwaka 2019, au Briceida Cuevas Cob, anayeandika kwa Kimaya cha Yucatán. Kwa watu waliotoweka, wanaandika vizuri sana.