S82: Daktari Akinyamaza, Kanuni Humsemea

Tuchukue mfano wa kufikirika. Dereva wa bodaboda amegongwa na gari dogo. Mguu wa kulia umevunjika chini ya goti: muundi na fibula, mfupa mwembamba ulio kando yake, vyote vimekatika katikati, na ncha ya mfupa imetoboa ngozi. Faili linapofika kwa mtunza kumbukumbu, kwenye mstari wa utambuzi kumeandikwa: “Mvunjiko wa muundi, katikati, kulia.” Basi. Kutokana na maneno hayo ndipo utakapotoka msimbo utakaotumika kwenye takwimu za wizara na, mahali pengi, kwenye dai la bima.

Katika toleo la 10 la Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, yaani ICD-10 ya Shirika la Afya Duniani, mivunjiko yote ya mguu kuanzia goti hadi kifundo imo chini ya S82. Tarakimu inayofuata nukta hutaja mahali. Sifuri ni pia ya goti. Moja, mbili na tatu ni muundi: ncha ya juu, katikati na ncha ya chini. Nne ni fibula peke yake, tano na sita ni nundu za kifundo, ya ndani na ya nje. Saba ni mivunjiko mingi, nane ni sehemu nyinginezo, na tisa hutumika pale mahali pasipotajwa.

Mgonjwa wetu anaangukia S82.2. Fibula yake haihitaji msimbo wa pili, kwa sababu kifungu hicho hubeba muundi uliovunjika pamoja na fibula au bila fibula. Anayeongeza S82.4 hapo amekosea, kwani hiyo ni ya fibula iliyovunjika peke yake.

Ugumu unaanzia kwenye tarakimu ya tano, inayoongezwa mahali panapotakiwa undani zaidi: 0 kwa mvunjiko uliofunikwa na ngozi, 1 kwa mvunjiko wazi. Daktari hakutaja kidonda. Kanuni inasema mvunjiko usiotajwa kuwa wazi au la uhesabiwe kuwa umefunikwa. Mtunza kumbukumbu, ambaye hakumwona mgonjwa wala hana ruhusa ya kubuni, anaandika S82.20. Msimbo sahihi ulikuwa S82.21.

Tofauti ya tarakimu moja hapo ni kubwa. Mvunjiko wazi unataka dawa za kuua bakteria mapema na kusafishwa kidonda kwenye chumba cha upasuaji, na mara nyingi vyuma badala ya hogo. Hospitali inayopoteza “1” kila wiki itaonekana kwenye ripoti kama inayotibu mivunjiko myepesi, kisha itashangaa bajeti ya dawa na vifaa haitoshi.

Marekani ilichukua njia nyingine. Tangu tarehe 1 Oktoba 2015 inatumia ICD-10-CM, ambayo kwa mivunjiko hii hufika herufi na tarakimu saba. S82.251C, kwa mfano, ni muundi wa kulia uliovunjikavunjika katikati na kuhama mahali pake, mvunjiko wazi wa daraja la tatu katika kipimo cha Gustilo cha ukali wa mivunjiko wazi, mgonjwa akiwa bado kwenye matibabu yenyewe. Fibula hapo hupewa msimbo wake. Herufi ya saba huwapotosha wengi: A, B na C hazimaanishi ziara ya kwanza, bali matibabu hai ya jeraha. Mgonjwa aliyehamishiwa hospitali ya tatu kwa ajili ya upasuaji bado yumo humo. Akirudi kliniki kuangaliwa kama mfupa unaunga, herufi inabadilika.

Hata huko ukimya una bei yake. Usipotaja kama mfupa umehama, unahesabiwa umehama. Usipotaja kidonda, unahesabiwa umefunikwa.

Anayechanganya takwimu za mifumo hii miwili ajihadhari. S82.31 ya Shirika la Afya Duniani ni mvunjiko wazi wa ncha ya chini ya muundi. Katika mfumo wa Marekani, herufi na tarakimu hizo hizo huanzisha msimbo wa mfupa uliobonyea bila kukatika, jeraha la kawaida la watoto. Jedwali lisilotaja toleo lililotumika halifai kulinganishwa na jingine.

Kisha, tukirudi kwenye mfumo wa Shirika la Afya Duniani, kuna chanzo cha jeraha, ambacho nacho hupewa msimbo. Dereva wa pikipiki aliyegongana na gari barabarani ni V23.4, abiria wake angekuwa V23.5. Faili lisipotaja ajali, jeraha huishia X59, kapu la visababishi visivyojulikana, na bodaboda inatoka kwenye hesabu ya wizara.

Toleo la 11, lililoanza kutumika tarehe 1 Januari 2022, linaruhusu msimbo wa msingi kuunganishwa na misimbo ya nyongeza inayotaja upande wa mguu na kama mvunjiko ni wazi. Ni hatua nzuri, lakini nyongeza haijiandiki yenyewe.

Kwa hiyo, daktari, kabla ya kufunga faili andika mambo matano: mfupa gani na sehemu gani, upande gani, ngozi imetoboka au la, mfupa umehama au la, na ajali ilitokeaje. Nawe mtunza kumbukumbu, ukikuta moja halipo, mrudie daktari kabla ya kuandika sifuri.