Nchi kavu, maji, na falsafa ya Nsuuta

Kutoka Ntinda ukishuka hadi Nakawa, ukavuka Barabara ya Jinja na kushika ile ya Port Bell, hukawii kuingia Bugolobi. Endelea mbele upite Luzira, na nchi kavu inakwisha. Ziwa Victoria, ambalo Waganda huliita Nnalubaale, linaanza. Safari nzima haitoki nje ya Divisheni ya Nakawa, jijini Kampala. Ndani yake zimo pande zote mbili za falsafa aliyoijenga Jennifer Nansubuga Makumbi katika The First Woman, riwaya ya mwaka 2020 iliyoshinda Tuzo ya Jhalak mwaka 2021: nchi iliyokatwa kwa nyua na hati, na maji yasiyokubali kuwekewa mpaka.

Riwaya inaanzia kijijini Nattetta, Bugerere, mwaka 1975, enzi za Idi Amin. Kirabo ana umri wa miaka 12, analelewa na babu na bibi, na kinachomkosesha usingizi ni mama asiyemjua. Kisirisiri anamwendea Nsuuta, mwanamke kipofu ambaye kijiji kinamwita mchawi. Huko ndiko anakofundishwa kwamba hapo mwanzo mwanamume alichipuka ardhini na mwanamke akatoka majini. Aliyechipuka ardhini akajitwalia ardhi yote. Aliyetoka majini akahesabiwa mhamiaji, na sifa za maji akavikwa yeye: hatulii, hatabiriki, ni hatari, hana budi kudhibitiwa. Kirabo mwenyewe anahisi ana nafsi mbili, mojawapo huuacha mwili na kuruka. Anaiona kuwa ugonjwa. Nsuuta anamwambia ni mabaki ya hali ya asili ya mwanamke kabla hajapunguzwa.

Sasa iweke falsafa hiyo kando ya simulizi tunayoijua sote. Katika hadithi ya Kintu na Nambi, mwanamume na mwanamke wa kwanza wa Buganda, mwanamke hatoki majini. Anashuka kutoka kwa baba yake Ggulu, mbinguni. Wanaonywa wasirudi nyuma. Nambi anarudi kuchukua ulezi wa kuku wake, na kaka yake Walumbe, yaani kifo, anamfuata hadi duniani. Kaka mwingine, Kayikuuzi, anatumwa kumkamata, anachimba na kuchimba, na mashimo ya Ttanda kule Mityana yanaonyeshwa hadi leo. Ukinzani wa hadithi hii umesimama wima: juu na chini, mbingu na dunia, uzima na mauti. Na kwa kuwa umesimama wima, lazima kuwe na anguko, na anguko lazima lipate wa kulaumiwa. Hadithi ilipokwisha kusimuliwa, aliyelaumiwa alikuwa mwanamke mmoja na kuku wake.

Makumbi ameuchukua ukinzani huo akaulaza. Badala ya juu na chini ametupa upande huu na upande ule, nchi kavu na maji. Hapa ndipo ninapouona ufundi wake mkubwa kuliko mahali pengine popote. Ukinzani uliolala hauna anguko, kwa hiyo hauna mkosaji wa kwanza. Ulicho nacho ni ufuo, na ufuo una swali lake: nani aliuchora, na alipata nini kwa kuuchora? Lawama inageuka kuwa suala la umiliki. Msomaji wa Buganda hahitaji maelezo marefu hapo. Mkataba wa 1900 na Waingereza uliikata ardhi kwa maili za mraba, sehemu yake kubwa ikaangukia kwa Kabaka na machifu, na mpaka leo tunanunua viwanja vya mailo. Ilibidi ifike Sheria ya Ardhi ya 1998 ndipo uuzaji wa ardhi ambayo familia inaishi na kupata riziki yake ukadai ridhaa ya mwenzi wa ndoa. Nsuuta hataji sheria hata moja, lakini mafundisho yake yanatua juu ya jeraha ambalo lipo.

Ufundi wa pili ni kinywa kinachosema. Mwandishi angeweza kuiweka falsafa hii katika sauti ya msimulizi, ikasikika kama ukweli wa dunia ya kitabu. Hakufanya hivyo. Ameiweka kwa mwanamke anayeshukiwa, mwenye ugomvi wa miaka mingi na bibi yake Kirabo, na mwenye sababu zake za kutaka kumvuta mtoto upande wake. Kila fundisho linatufikia likiwa limebeba maslahi ya mfundishaji. Tunalisikiliza kama tunavyomsikiliza mtu mzima mwenye hekima na kinyongo kwa pamoja, yaani kwa makini maradufu.

Kisha kuna jina. Kirabo anapohamia kwa baba yake Tom kule Bugolobi, anakuta mke ambaye hakuwahi kuambiwa habari zake, na mke huyo hamtaki. Anaitwa Nnambi. Tazama hila iliyomo: msomaji aliyekwisha kuona kwamba Nambi wa kale alionewa, sasa anapewa Nnambi wa kuchukia. Anamchukia mara moja, kwa wepesi uleule ambao vizazi vilimlaumu yule wa kwanza, huku Tom aliyemficha binti yake akiponyoka. Sijui njia bora zaidi ya kuipima falsafa ndani ya hadithi kuliko kumfanya msomaji aivunje yeye mwenyewe.

Kasoro ipo. Katika baadhi ya mazungumzo Nsuuta anafafanua kupita kiasi, na Kirabo anabaki mwanafunzi wa kuuliza swali lifuatalo. Hapo riwaya inasimama ili somo lipite. Kinachoiokoa ni sehemu ya nne, inayorudi miaka ya 1930, Nsuuta na Alikisa, bibi yake Kirabo, walipokuwa marafiki walioahidiana kuolewa na mwanamume mmoja. Fundisho linapata mwili. Tunaona ufuo ukipita katikati ya wanawake wawili waliopendana, na tunaelewa dhana ya kweluma, wanawake kuumizana wao kwa wao kama kuku waliofungiwa pamoja. Bila sehemu hiyo, falsafa ya nchi na maji ingebaki mashtaka dhidi ya wanaume tu. Nayo inawauliza wanawake maswali magumu vilevile.

Mwandishi Ursula Le Guin alishughulika na jambo la jirani mwaka 1969 katika riwaya yake The Left Hand of Darkness. Aliunda sayari nzima, Gethen, ambako watu hawana jinsia ya kudumu, na akawapa mapokeo ya Handdara yanayoona nuru na giza kuwa kitu kimoja. Yeye aliondoa mgawanyiko ili tuone tungekuwa nani bila huo. Makumbi amebaki Bugerere na Bugolobi, hajaondoa chochote, na kwa maoni yangu kazi yake ilikuwa ngumu zaidi, kwa sababu msomaji wake anaweza kwenda kumwuliza bibi yake.

Katika Kintu, riwaya yake iliyotangulia mwaka 2014, jozi kinzani zilikuwa tayari: pacha Nnakato na Babirye, mmoja akitakwa na mume na mwingine akiandamana naye kwa sharti la mila, na Suubi akifuatwa na pacha wake aliyekufa. Lakini kule ukinzani ni laana inayorithiwa, na wahusika wanachoweza ni kuubeba au kuutambikia. Katika The First Woman ukinzani una historia, una wenye faida, na kwa hiyo unaweza kupingwa. Kintu ni riwaya pana na yenye nguvu zaidi. Kwa ufundi wa kujenga falsafa, The First Woman imeipita.

Ukiisoma, soma sehemu ya nne mara mbili.