Maghorofa Juu, Madereva Chini: Uhakiki wa The White Tiger

Kati ya 2003 na 2007 uchumi wa India ulikua kwa zaidi ya asilimia 7 kila mwaka. Mwaka 2008 Aravind Adiga alitoa The White Tiger, riwaya iliyopata Tuzo ya Man Booker mwaka huohuo. Swali lake ni moja: ukuaji huo ni wa nani?

Msimulizi ni Balram Halwai, mtoto wa mvuta rikisho. Nyumbani huitwa Munna, yaani mvulana tu. Jina la Balram alipewa na mwalimu. Mwalimu huyohuyo hula fedha za chakula cha wanafunzi kwa kuwa hajalipwa mshahara. Balram anaachishwa shule akafanye kazi katika mkahawa wa chai, kwa sababu ukoo umekopa kwa ajili ya harusi ya binamu yake. Baba yake anakufa kwa kifua kikuu katika hospitali isiyo na daktari.

Adiga amefaulu zaidi katika mandhari. Huko Gurgaon, karibu na Delhi, matajiri wanaishi ghorofani na madereva wao wanalala chini ya jengo hilohilo, penye mende. Anayepita barabarani huona jengo moja zuri. Wastani wa pato la taifa nao hufanya vivyo hivyo: hujumlisha wa juu na wa chini, kisha humficha wa chini.

Hata hivyo, riwaya ina kasoro. Balram anajikomboa peke yake kwa kumuua na kumwibia tajiri wake, akijua kwamba jamaa zake huenda wakauawa kwa kisasi. Wanakijiji, hasa bibi yake, ni wahusika bapa. Utabaka unageuka tatizo la mjanja mmoja. Tena kuna suala la lugha. Balram anakiri mwanzoni kwamba yeye na Waziri Mkuu wa China anayemwandikia hawajui Kiingereza, lakini anasimulia kwa Kiingereza. Kejeli hiyo inachekesha na kuuma: maskini anasikika duniani akiazima lugha ya mabwana.

Jambo hili linatuhusu sisi walimu wa Kiswahili hapa Uganda, ambako Kiingereza ndicho lugha ya mahakama na ofisi. Tunapofundisha dhamira ya utabaka, tusiishie kuorodhesha mifano ya umaskini kwa ajili ya mtihani. Tuwaulize wanafunzi: anayesimulia ni nani, kwa lugha gani, na nani ameachwa mlangoni?